Shusheni Kii

Kwa miaka mingi watu wa kwetu Unguja hawakunijua kwa jina, walinijua kwa pale juu. "Yule anayepanda," wakisema, na kila mtu akaelewa anatajwa nani. Taarabu asilia ina mahali pake pa kungojewa. Mwimbaji kasimama bila kujitikisa, fidla zinamjibu, kanuni inajimwaga, halafu ubeti wa mwisho unafika na sauti inainuka mpaka waliokaa wanashindwa kukaa. Hapo ndipo kinamama wanapoondoka vitini, mmoja mmoja, kuja kutunza. Mimi nikitunzwa kwa pale juu. Maneno si yangu, nyimbo nyingi nilitungiwa, na sura ni hii hii mliyoizoea.

Nilipovuka hamsini pale juu pakaanza kuniponyoka. Kwanza sauti ilikwaruza, kisha ikawa inakatika katikati ya neno, kisha ikawa haifiki kabisa. Mpiga fidla wetu wa kwanza, mtu mwenye huruma, akawa anavuta upinde mapema kidogo ili anifunike. Nilikunywa tangawizi na asali, nikatafuna karafuu, nikaacha maji ya barafu, nikawagombeza watu kwa ajili ya feni. Daktari wa koo akaniingizia kijikamera chake, akatazama weee, akasema hakuna ugonjwa, kuna umri. Nikaacha kuimba. Watu wakadhani nimetubia, maana kwetu mwimbaji wa kike akinyamaza ghafla husemwa anajiandaa kwenda Hija, na mimi sikumkatalia mtu. Ilikuwa na heshima zaidi kuliko kusema koo limegoma.

Yaliyonigeuza yalinikuta mbali na nyumbani, Wolverhampton, katikati ya Uingereza, kwa mdogo wangu aliyekuwa baharia na sasa anaendesha basi. Nilikwenda kumsaidia mkewe aliyejifungua. Mji ule ni wa viwanda vilivyokwisha na mpira usiokwisha, na mdogo wangu ameshakuwa wa huko moja kwa moja: anaishabikia Wolves na anaumia nayo kila Jumamosi. Kwa njia ya mpira ndiyo akaanza kunieleza habari za Robert Plant, mwimbaji wa roki, kwa sababu mwimbaji yule naye ni wa Wolves tangu utotoni, na mwaka 2009 klabu ilimpa heshima ya makamu wa rais. Kazaliwa West Bromwich tarehe 20 Agosti 1948, kakulia Halesowen, miji ambayo kwa basi hata hujasinzia umefika.

"Dada, huyu ni kama wewe," akaniambia. "Naye alikuwa mtu wa kupanda."

Sikumtilia maanani. Ukimtajia Mzanzibari roki, yeye atakutajia Freddie Mercury basi, kwa kuwa kazaliwa Mji Mkongwe mwaka 1946 na watalii wanapanga foleni kupiga picha mlangoni. Nami nilikuwa hivyo hivyo. Lakini Freddie, Mungu amsitiri, alifariki Novemba 1991 akiwa na miaka 45. Sauti yake imebaki pale pale alipoiacha, nzima, inang'aa. Hakupata kuamka na miaka sitini akajaribu kuimba na kukuta mlango umefungwa. Nilichokuwa nakihitaji mimi ni mtu aliyeukuta umefungwa, na akaendelea kuwa mwimbaji.

Usiku mmoja mtoto amelala, mdogo wangu akanichezea "Kashmir", wimbo wa Plant. Si ile ya kwanza, bali ile ya mwaka 1994, Plant na mpiga gitaa wake Jimmy Page walipokutana tena na kuwaita wanamuziki wa Kimisri wapige nao, chini ya Hossam Ramzy, fundi wa ngoma. Mimi Kiingereza changu ni cha sokoni, sikushika maneno. Ila fidla zilipoingia nilikaa sawasawa. Zile si fidla za Kizungu. Zilikuwa zinateleza kutoka sauti moja kwenda nyingine na kusimama pale katikati, katika ile robo ambayo piano haina, kama zinavyosimama fidla zetu na za wakubwa zetu wa Cairo. Halafu Plant akaingia juu yake, na badala ya kushindana nazo akawa anazifuata, anakawia nyuma ya mdundo, anaipinda sauti mwisho wa mstari. Nikamwambia mdogo wangu, "Huyu kamsikiliza Umm Kulthum."

Akacheka. Kumbe ni kweli, na mwenyewe amelieleza jambo hilo mara nyingi: alimsikia bibi yule, mwimbaji wa Misri, alipokuwa Marrakech mwanzoni mwa miaka ya sabini, na hakupona. "Kashmir" yenyewe haina uhusiano na Kashmir, hakuwahi hata kufika huko alipoiandika. Maneno yalimjia akiendesha gari kusini mwa Moroko, barabara moja iliyonyooka, jangwa kushoto na kulia. Albamu ya Physical Graffiti yenye wimbo huo ilitoka Februari 1975, mwezi ule ule ambao Umm Kulthum alifariki na Cairo ikajaa watu barabarani. Mimi nilikuwa mtoto. Nakumbuka marehemu baba aliifunga redio na hakutaka tuzungumze wakati wa chakula cha jioni. Kwamba wakati ule ule kijana mmoja wa West Bromwich mwenye nywele za kike alikuwa ameshaibeba sauti ile na kuipeleka katika viwanja vya Marekani, hilo hata ningeambiwa nisingeamini.

Baada ya hapo nikaanza kumfuatilia kama ninavyofuatilia nasaba ya mchumba.

Alianza kujifunza uhasibu akauacha upesi. Mwaka 1968 Page alikuwa anatafuta mwimbaji wa bendi mpya, akamtaka kijana mwingine, Terry Reid, naye akakataa na kumwelekeza kwa Plant. Ndivyo Led Zeppelin ilivyopata koo lake. Albamu ya kwanza ilitoka Januari 1969, na kwa miaka kumi iliyofuata yule kijana akaimba juu kuliko mwanamume yeyote aliyekuwa akisikika redioni. Nimezisikiliza rekodi zile. Nyingine ni kelele tu, nasema kwa adabu zote, na nyingine zina wizi wa wazi: nyimbo za wazee weusi wa bluzi zilichukuliwa bila kutajwa, mpaka Willie Dixon akawashtaki na jambo likamalizwa nje ya mahakama. Lakini na sisi tusijitie usafi. Taarabu imechukua tuni za Kimisri na za filamu za Kihindi kwa mkono wa ukarimu sana. Hata Bombay tumepishana huko: mwimbaji wetu Siti binti Saad alikwenda kurekodi mwaka 1928, Plant na Page wakaenda kurekodi na wanamuziki wa pale mwaka 1972.

Sehemu iliyonishika si ya utukufu. Agosti 1975 alipata ajali mbaya ya gari katika kisiwa cha Rhodes, Ugiriki, na albamu iliyofuata akaiimba mjini Munich akiwa kwenye kiti cha magurudumu. Julai 1977, yuko ziarani Marekani, akapigiwa simu kwamba mwanawe wa kiume, Karac, mtoto wa miaka mitano, ameugua ghafla na kufariki. Ziara ikafutwa. Alifikiria kuiacha kazi na kwenda kusomea ualimu wa watoto. Rafiki yake tangu ujanani, mpiga ngoma John Bonham, ndiye aliyemrudisha taratibu, na Septemba 1980 Bonham naye akafa. Desemba mwaka huo bendi ikatangaza kwamba imekwisha. Plant alikuwa na miaka 32.

Nilimuuliza mdogo wangu, mtu kama huyo anafanya nini kesho yake? Nikitarajia aniambie alianza upya kwa kishindo. Hapana. Alikwenda kuimba nyimbo za zamani za densi katika kumbi ndogo za kwao na bendi iitwayo Honeydrippers, halafu akaanza kutoa albamu zake mwenyewe kuanzia 1982. Za miaka ile ya themanini mimi sizipendi. Zimejaa vinanda vya umeme na ngoma za mashine, na sauti inasikika kama ya mtu anayetafuta nguo zake gizani. Lakini hakusimama. Mwaka 1999, baada ya kujaza viwanja tena na Page, alikusanya jamaa wa kwao na kwenda kuimba katika baa na vilabu vidogo chini ya jina la Priory of Brion, jina ambalo mtu hawezi kujua ni la nani. Januari 2003 alikuwa Essakane, karibu na Timbuktu, kwenye tamasha la jangwani pamoja na Tinariwen na Ali Farka Touré. Baadaye akampata Juldeh Camara wa Gambia, mpiga ritti, fidla ya uzi mmoja, akazunguka naye dunia.

Sasa nifike kwenye lenyewe.

Tarehe 10 Desemba 2007 Led Zeppelin ilipiga onyesho moja tu London, katika ukumbi wa O2, kumkumbuka Ahmet Ertegun aliyekuwa bosi wa lebo yao. Mwana wa Bonham akakaa kwenye ngoma za babake. Maombi ya tiketi yalisemwa kupita milioni 20. Mdogo wangu anayo filamu yake na tumeitazama pamoja, mimi nikiwa na kazi moja tu, kutazama koo. Plant alikuwa na miaka 59. Nyimbo kadhaa wamezishusha kii, zinapigwa chini kuliko zamani. Pale alipokuwa akipiga ukelele zamani, anaugeuza mstari, anapita chini yake, anaumalizia kwa pumzi. Watu elfu na elfu wanalia kwa furaha na hakuna aliyedai arejeshewe pesa zake kwa kuwa sauti ya juu haikufika.

Sikuwahi kufikiri kwamba kii inaweza kushushwa. Yaani nilijua inawezekana, mwanamuziki gani asiyejua, lakini kwetu wimbo una pahali pake na mwimbaji ndiye anayeufuata. Mtu aliyekuwa akilipwa mamilioni kwa pale juu kamwambia mpiga gitaa ashuke, na mpiga gitaa kashuka.

Baada ya usiku ule dunia nzima ilitaka ziara. Pesa za kusomesha vitukuu zilikuwa mezani. Wenzake wakangoja, wakajaribu na waimbaji wengine, wakaacha. Plant alikataa, na mdogo wangu hajamsamehe mpaka leo. "Majivuno tu yale, Dada." Mimi sidhani. Karibu miezi miwili kabla ya O2 alikuwa ametoa albamu iitwayo Raising Sand pamoja na Alison Krauss, mwanamke mpiga fidla wa muziki wa mashambani wa Marekani, mdogo kwake kwa zaidi ya miaka ishirini. Mwaka uliofuata, badala ya kwenda kuwa kijana tena viwanjani, alizunguka naye.

Albamu hiyo niliisikiliza peke yangu, nikimbembeleza mtoto. Plant anaimba kwa sauti ya mtu anayezungumza na aliyekaa ubavuni mwake. Unasikia pumzi inavyoingia kabla ya neno. Amesimulia kwamba kuimba sambamba na Krauss kulimpa tabu, kwa sababu maisha yake yote alikuwa mwimbaji wa mbele, leo anaimba hivi kesho vile, na bibi yule alimtaka arudie mstari ule ule kwa namna ile ile ili naye apate pa kusimama. Alifundishwa kazi, akiwa na miaka karibu sitini, na mtu mdogo kwake. Mle ndani mna wimbo, "Please Read the Letter", ambao aliwahi kuurekodi na Page mwaka 1998. Nilizisikiliza zote mbili, moja baada ya nyingine, mara nyingi kuliko mtoto alivyopenda. Ule wa kwanza unasukumwa. Wa pili wameupunguza mwendo, wakatoa nusu ya vyombo, na sauti ya kike imekaa juu ya yake bila kumzidi. Februari 2009 wakabeba Grammy tano kwa usiku mmoja, pamoja na ile ya albamu ya mwaka. Katika siku zote za kupanda kwake na Led Zeppelin hakuwahi kupewa hata moja.

Nilirudi Unguja nikawapigia simu wenzangu.

Lazima niseme kwamba mambo hayakwenda kama filamu. Kwanza ile habari ya sauti mbili zinazokwenda pamoja haituhusu. Ukiweka sauti ya pili ya Kizungu juu ya makamu ya Rasti, mpangilio wa sauti wa Kiarabu, ile robo ya katikati inakufa na wimbo unakuwa wa kwaya. Waitikiaji wetu huitikia sauti moja, ndivyo taarabu ilivyo, na sikutaka kuiharibu kwa sababu ya mapenzi yangu ya Wolverhampton. Nilichokitaka ni kugawana. Tulikuwa na binti mmoja mwenye sauti safi, wa umri wa wanangu, ambaye kwa miaka alikuwa akiitikia nyuma. Nikasema: yeye achukue ubeti wa kupanda, mimi nichukue wa kwanza na wa mwisho, na wimbo ushuke toni moja nzima.

Hapo ndipo vita ilipoanza, na si na binti, bali na mpiga kanuni. Asiyeijua kanuni haijui tabu hii. Gitaa unaweza kulegeza nyuzi sita ukaendelea na maisha. Kanuni ina nyuzi zaidi ya sabini, zimepangwa tatu tatu kwa kila sauti, na pembeni ina vishikizo vidogo vya chuma vya kupandisha na kushusha zile robo. Ukihamisha makao ya Rasti, mkono wake unahama na vishikizo vyote havipo pale vidole vilipozoea miaka thelathini. Fidla nazo zinapoteza nyuzi za wazi zinazoipa taarabu yetu ule mwangwi wake. Mzee akaniambia, "Bibi, wewe umekwenda Ulaya umerudi na kiburi." Nikamjibu kwamba nimerudi bila pale juu, na akitaka pale juu amtafute mwingine. Alizira. Mazoezi ya siku ile yalikwisha kwa chai. Waliomfuata kumbembeleza wanajua walichomwahidi, mimi sikuuliza.

Wako waliosema: mbona Bi Kidude, mwimbaji wetu mkongwe, aliimba mpaka uzeeni na hakushusha kitu? Bi Kidude, Allah amrehemu, aliyetutoka Aprili 2013, alikuwa na sauti ya ngoma na unyago. Hakuwahi kuijenga juu ya utamu, kwa hiyo uzee haukumkuta na cha kumnyang'anya. Alipopewa tuzo ya WOMEX mwaka 2005 walimpa kwa ule ule mkwaruzo ambao mimi nilikuwa nauficha kwa asali. Nilimpenda kwa heshima zote, ila njia yake haikuwa yangu. Wa kunionyesha nilimpata West Bromwich, Mola ndiye anayepanga.

Onyesho letu la kwanza lilikuwa harusi, na niliogopa kuliko siku nilipoanza. Niliingia chini. Kimya kilichonipokea sikukizoea, kwa sababu zamani watu wakizungumza zao huku wakingojea pale juu. Sasa walinyamaza kwa kuwa vinginevyo wasingenisikia. Maneno ya wimbo ule, ambayo nimeyaimba tangu sijaolewa, yalisikika moja moja, na mwanamke mmoja mtu mzima meza ya mbele akamgeukia mwenziwe kwa mshangao, "Kumbe ndiyo hayo anayoyasema!" Binti akapanda kwenye ubeti wake, akatunzwa kama nilivyokuwa nikitunzwa mimi. Niliona uchungu, siwezi kuficha, mpaka ubeti wa mwisho ulipoanza na nikawa na kazi ya kufanya.

Mdogo wangu ananiletea habari bado. Plant sasa anaimba na kikundi cha watu wa kwao kiitwacho Saving Grace, kilichoanza kimyakimya kwenye kumbi ndogo mwaka 2019 na kutoa albamu Septemba 2025, yeye akiwa na miaka 77. Ubavuni mwake yuko mwimbaji Suzi Dian, na mkononi mwa bibi huyo, nilipoona video nilipiga kelele, kuna akodiani. Wakati mwingine ni huyo anayeongoza wimbo na Plant anaitikia nyuma. "Stairway to Heaven", wimbo ambao watu wamemwomba nusu karne na yeye akaukimbia, aliuimba Oktoba 2023 katika hafla ya kuchangia wagonjwa wa saratani huko Oxfordshire, mara ya kwanza tangu O2. Mdogo wangu akaona ni dalili na akaanza kungojea ziara tena. Nimemwambia asiweke akiba ya tiketi.

Huku kwetu mpiga kanuni ameshazoea, na sasa anajisifu kwa wageni kwamba kushusha lilikuwa wazo lake. Sina ugomvi naye. Ugomvi nilionao ni na binti. Wiki iliyopita kaja na daftari lake, kakaa, kaniambia kwa adabu nyingi kwamba amechoka kupanda, watu hawasikilizi maneno yake, wanangojea mlio tu, na angependa tubadilishane, yeye achukue ubeti wa mwisho. Nimemwambia aendelee kupanda kwanza, koo analo. Ule wa mwisho sijampa.